Nyama Ambayo Baba Hakuionja

Wiki iliyopita mke wa mwanangu alichemsha sukari guru na siki, akatia haradali, apake kuku wake. Mimi nilikuwa chumbani nimejinyoosha, magoti yananiuma. Harufu ile ilipopita chini ya mlango niliinuka kama niliyeitwa jina. Nilijiona mtoto wa miaka minane, nimekaa juu ya debe lililopinduliwa katika jiko la Wazungu kule Kizingo, macho nimeyakaza kwenye mdomo wa baba yangu nione kama utafunguka.

Baba yangu alikuwa mpishi. Jina lake Hamadi, mtu wa Vanga, aliyekuja Mombasa kijana, akapika melini miaka kadhaa, kisha akaajiriwa na Wazungu. Alikuwa mrefu na mkimya. Akikata kitunguu, kisu hakisikiki kwenye ubao. Akipepeta mchele, hakuna punje inayoanguka, na akipita mlangoni na sufuria ya moto, sisi watoto tulikuwa hatukemewi tuondoke, kwani alijua kila mmoja wetu amesimama wapi. Sijaona tena mikono kama ile.

Ulikuwa wakati wa vita vile vikuu vya pili. Kilindini kulijaa manowari na askari wa kila rangi, madirisha yetu yamebandikwa karatasi nyeusi, mchele na sukari ni vya kupigania, na mtu mwenye kazi aliishika kwa mikono miwili. Tulikaa vyumba viwili nyuma ya Ndia Kuu, juu ya duka la Mhindi muuza vitambaa. Mama yake mama, nyanya yangu, alikaa Kuze, karibu hivi kwamba kashata ukianza kuitafuna mlangoni kwetu yakwisha mlangoni kwake.

Nyanya hakuwa akila chakula cha baba. Siku ya Idi mama alimpelekea sahani iliyofunikwa kwa kawa, naye aliipokea kwa maneno mazuri, "Ahsante mwanangu, Mungu awazidishie," kisha tukitoka tu, sahani ile huenda kwa paka wa uani. Cha mama alikila, lakini kwanza huuliza, "Chungu hiki hakikuguswa na yule?" Baba aliitwa yule. Miaka kumi ya ndoa, na hakuwahi kupanda daraja akawa Hamadi.

Mimi sikujua sababu. Nilidhani ni kwa kuwa alitoka Vanga.

Kila jioni baba akirudi kazini, kabla ya kumshika mtu, alikwenda uani kwenye mkebe uliojaa udongo mwekundu. Humiminiwa maji na mama, akasugua mikono mpaka viwikoni, akasuuza, akasugua tena, midomo ikihesabu. Mara moja katika hizo alitia udongo ule, akajipaka kama mfinyanzi. Kwangu ulikuwa mchezo wake. Mara nyingine nilichutama kando yake nikajipaka na mimi, naye akacheka.

Mpaka siku moja chuoni. Tulikuwa tumekaa mkekani, juzuu mapajani, tunamngoja mwalimu amalize kutawadha. Maimuna binti wa jirani akaniinamia sikioni.

"Babako yuwala nguruwe."

"Mwongo!"

"Mamangu kasema. Yuwapika kwa Wazungu, na mpishi hawezi kupika asionje. Muulize mpishi yeyote."

Hata mama, akipika maharage, huonja mara tatu. Nikarudi nyumbani, na jioni ile nilipomwona baba akijisugua udongo, mambo yote yakajipanga kichwani mwangu kwa mpango wa kitoto. Nikaelewa kwa nini nyanya hali chakula chake. Nikaelewa udongo ni wa nini: mtu huzika asichotaka kionekane. Baba alikuwa anakula kitu kile mchana, na jioni anakizika mikononi mwake. Alipokuja kunishika kichwa kama ada yake, niliinama nikapita chini ya mkono wake. Namkumbuka alivyobaki nao hewani, unadondosha maji.

Ijumaa ndiyo siku aliyotupikia sisi. Ijumaa ile alipika wali wa nazi na mchuzi wa papa, nami wali wangu niliumwaga dirishani, juu ya bati la kibaraza cha yule Mhindi. Ijumaa ya pili vilevile. Ijumaa ya tatu kunguru walikuwa wamekwisha kuijua saa yenyewe. Walijipanga juu ya bati tangu mapema, wakipiga kelele, hata baba akainuka kutazama wana nini. Aliuona wali wake. Akanitazama mimi, akaitazama sahani yangu, tupu kabla ya wenzangu kumega tonge la pili.

"Chakula kibaya, mama?" akaniuliza. Aliniita mama, kwa kuwa nilipewa jina la mama yake.

Nikakaza macho mkekani.

"Sema. Hakuna atakayekupiga."

"Wewe hula nguruwe," nikasema, na nikaanza kulia.

Mama alishika kinywa. Baba akaketi chini, akamaliza kula polepole, akanawa, akasema, "Alhamisi hamna chuo. Utakwenda kazini na mimi. Mambo haya mtu asiyashike kwa masikio, ayaone kwa macho."

Alhamisi ile ilikuwa siku chache baada ya Krismasi yao. Tulitoka alfajiri, tukapita Ngomeni umande ungali juu ya majani, mimi nikienda hatua mbili nyuma yake. Njiani ndipo aliponieleza. Kitu kile, alisema (wala hakukitaja jina, alikiita "kitu chao"), alikuwa akikipika mwaka wa kumi sasa, na hakijapita midomo yake.

"Na chumvi wajuaje?"

"Nina ulimi wa kuazima. Mwadime."

Mwadime alikuwa Mtaita, Mkristo, mtumishi wa ndani katika nyumba ileile. Baba hupika, Mwadime huonja, akasema zidisha hiki, punguza kile, na baba hufuata. Wamefanya hivyo tangu siku ya kwanza, na bwana na memsabu wote wanajua. "Leo utamwona," baba akasema. "Utatuona sote wawili tukifanya kazi, kisha utaamua mwenyewe."

Lakini tulipofika hatukumkuta jikoni. Mwadime alikuwa kwenye chumba chake uani, amejifunika blanketi gubigubi, kitanda kinatetemeka kwa homa. Na kabla baba hajavua kofia, memsabu akaja mlangoni, mwanamke mwembamba mwenye sauti ya haraka. Akasema, kwa Kiswahili chake cha jikoni, kwamba wageni wanane watakuja chakula cha mchana, maofisa wa manowari, na kwamba lile paja lililobaki sikukuu lisitupwe. Litengenezwe ile mikate midogo ya nyama, kila mtu wake, inayong'aa juu. "Na iwe kama ya siku ile," akasema, akaondoka.

Baba alinionyesha debe, nikakaa. Akafungua kabati la waya, akatoa kitu kilichofungwa kitambaa cheupe. Hiyo ndiyo mara ya kwanza kukiona. Nilitarajia kitishe, kiwe na macho. Kilikuwa nyama tu, nyekundu ya kupauka, na mfupa umetokeza. Basi nikaacha kukitazama, nikautazama mdomo wa baba. Niliona Mungu amepanga mambo. Mtu wa kuonja hayupo, wageni wanane wanakuja, na mpishi hawezi kupika asionje. Sasa nitajua.

Alichuna nyama yote mfupani mpaka mfupa ukawa mweupe. Akaipitisha katika mashine ya mkono ya kusaga nyama, akaroweka mkate mkavu katika maziwa, akatia kitunguu, mayai, pilipili manga. Shida ilikuwa chumvi. Nyama ile hukaushwa kwa chumvi ili isioze, na ya karibu na mfupa huwa na chumvi zaidi kuliko ya nje, wala hakuna jicho linaloweza kuipima. Siku zote baba huichanganya na nyama ya ng'ombe kuipoza, lakini kiasi gani, hilo lilikuwa la ulimi wa Mwadime.

Akakaanga donge dogo, akaliweka kisahanini, tukaenda uani.

"Mwadime, ndugu yangu, niwie radhi. Onja hiki."

Mwadime alijiinua kwa kiwiko. Alikuwa mtu wa makamo, macho mekundu kama makaa. Akatafuna, akatafuna, akatikisa kichwa. "Hamadi, leo hata maji yaniwia machungu. Nikikwambia neno, nitakupoteza." Akalala tena. Kisha akasema kutoka ndani ya blanketi, "Mwambie memsabu apike mayai."

"Huyo si mtu wa kuambiwa mayai," baba akasema, akamfunika vizuri miguu.

Tukarudi jikoni. Saa ya ukutani ilikuwa inakwenda. Baba alisimama mbele ya bakuli lile, mikono kiunoni, na kwa mara ya kwanza maishani mwangu nikamwona hajui la kufanya. Jasho lilimtoka. Nilijua, kwa kuwa nyumbani yalizungumzwa, kwamba mpishi wa kabla yake alifukuzwa kwa mlo mmoja tu ulioharibika. Na hapo, bila kutarajia, chuki yangu yote ikanitoka. Nikawa namwonea huruma. Nikashuka kwenye debe.

"Baba, mimi nitakuonjea."

Akageuka.

"Mwalimu kasema mtoto hana dhambi mpaka abaleghe. Nikila mimi si kitu. Nitasukutua." Na mkono wangu ulikuwa umekwisha kufika kisahanini, vidole viwili tu kutoka kwenye donge lile.

Alinishika kifundo cha mkono, si kwa nguvu, ila kwa haraka. Akachutama tukawa uso kwa uso. Nilidhani atanikaripia. Macho yake yalikuwa na maji.

"Ni kweli, mama. Wewe huna dhambi," akasema. "Lakini mimi ninazo zangu, na hiyo ingekuwa kubwa kuliko zote."

Akanirudisha juu ya debe. Akasimama tena mbele ya bakuli, na nadhani lile jambo lilimpa nguvu, kwa kuwa alianza kutazama huku na huku kama mtu anayetafuta chombo alichokiweka mwenyewe. Macho yake yakaishia mlangoni. Pale kizingitini alilala jibwa la memsabu, kubwa, rangi ya udongo, lililokuwa halijali mtu.

Baba akachukua kigae kilichovunjika, akaweka donge moja, akalisukuma kwa mti mpaka mbele ya mbwa. Mbwa akameza bila kutafuna. Kisha baba akajaza bakuli la maji, akaliweka pale.

"Tumngoje," akasema.

Mbwa akanywa. Akanywa, akapumzika, akanywa tena, mpaka bakuli likabaki tupu akawa analamba bati.

"Chumvi imezidi," baba akasema.

Akaongeza nyama ya ng'ombe na mkate. Akakaanga donge la pili. Mbwa akala, akanywa maji nusu, akapiga miayo. Baba akaongeza mayai na nyama kidogo. Donge la tatu mbwa alilikula, akaenda kwenye maji, akalamba mara mbili, akarudi akalala, kichwa juu ya miguu.

"Basi," baba akasema. "Sasa ni chakula."

Nilicheka mpaka nikaanguka kutoka kwenye debe, naye akacheka, mkono kinywani ili memsabu asisikie.

Yaliyofuata nayaona mpaka leo. Aligawa ule mchanganyiko katika vikombe vinane vya bati, akavipindua juu ya sinia, ikatokea mikate minane, sawasawa kama iliyopimwa kwa mizani. Akaitia tanurini. Sukari nyeupe haikupatikana, kwa hiyo akayeyusha sukari guru katika siki, akatia haradali na karafuu mbili. Hata hiyo hakuionja, kwani sufuria za nyumba ile zilikuwa zimepikiwa kila kitu. Aliinyanyua kwa kijiko akaiacha idondoke, akatazama uzi wake. Ulipokuwa mzito akainusa, macho amefumba, akaongeza siki tone. Akainusa tena. Kisha akaipaka mikate ile kwa unyoya wa kuku, akairudisha, akaitoa, akaipaka, mara tatu, mpaka ikang'aa kama viatu vya askari wa gwaride. Jiko zima likanuka utamu na ukali pamoja.

Wakati wote ule sikuuacha mdomo wake. Haukufunguka ila kusema Bismillahi alipowasha moto na Alhamdulillahi alipouzima.

Wageni walipokwisha kuondoka, memsabu akaja jikoni mwenyewe. Akasimama, akautazama mlango wa chumba cha Mwadime uliokuwa umefungwa, akamtazama baba.

"Mpishi, leo nani naonja? Mwadime gonjwa."

Baba angeweza kusema lolote. Akavuta pumzi.

"Mbwa, memsabu."

Nikamwona baba akishusha mikono yake, tayari kuvua aproni. Kisha memsabu akatoa sauti kama kikohozi, akashika meza, akacheka mpaka akaketi kwenye debe langu. Mpaka leo sijui kama aliwaambia wale maofisa. Ninachojua ni kwamba sahani zote nane zilirudi safi.

Nyuma ya jiko palikuwa na bomba, na chini ya bomba nikauona mkebe mwingine wa udongo mwekundu. Baba akajiosha, na safari hii akahesabu kwa sauti ili nisikie, moja mpaka saba, na ule mmoja wa udongo. "Najisi yake haitoki ila hivi," akaniambia. "Hapa najiosha nipate kuswali. Nyumbani najiosha tena nipate kuwashika nyinyi. Mara ya pili si lazima. Ni moyo wangu tu."

Tukirudi, sikuenda nyuma yake. Nilimshika mkono kuanzia Kizingo mpaka Ndia Kuu.

Kesho yake baada ya sala nilikwenda Kuze. Nyanya alikuwa amekaa barazani ndani, anatengeneza tambuu ya kutafuna.

"Masalkheri, nyanya."

"Alkheri, mwanangu. Yule ameshakula kitu chake leo?" Alikuwa na mazoea ya kuniuliza hivyo, nami siku zote nilikuwa nikicheka nisijue nacheka nini.

Siku hiyo sikucheka. Nilimsimulia yote, tangu kunguru mpaka mbwa. Nilipofika kwenye habari ya mkono wangu na kile kisahani, nyanya aliacha tambuu.

"Ulimwona kwa macho yako?"

"Kwa macho yangu."

"Kutwa nzima?"

"Kutwa nzima, nyanya. Sikutoka hata kwenda chooni."

Akafunga tambuu asiitie kinywani. "Mbwa!" akasema peke yake. Kisha akasema, "Juzi tulikuwa na hitima ya babu yako. Nyama ya mbuzi imebaki, na mimi sina meno ya kuila hivi. Mwambie Hamadi aje anipikie hiyo mikate yao. Hapa, jikoni mwangu."

Nilikimbia njia nzima nikilirudia lile jina, nisije nikalipoteza.

Baba alikuja amevaa kanzu iliyopigwa pasi, amekoga, mikono nyuma kama mkwe siku ya kwanza ya posa. Mama alikaa mlangoni hathubutu kuingia. Nyanya alikaa juu ya kibao cha mbuzi ya kukunia nazi, katikati ya jiko lake, hakumkaribisha wala hakumfukuza, akamtazama. Hakukuwa na mashine ya kusaga. Baba aliikatakata nyama ile kwa kisu mpaka ikawa laini, akaichanganya na mkate na mayai, akaikandamiza katika vikombe vya kahawa vya nyanya, kimoja kimoja, akaoka kwa makaa chini na makaa juu ya kifuniko. Badala ya siki alitia ukwaju. Mikate sita ikatoka, midogo, myekundu, inang'aa.

Akaiweka mbele ya nyanya, akarudi nyuma.

Nyanya hakuigusa. "Onja wewe kwanza," akasema.

Baba alisimama kama ambaye hakusikia. Ndipo nilipotambua jambo ambalo sikuwahi kulifikiri: hata nyumbani, hata wali wetu wa Ijumaa, alikuwa akipika kwa pua. Miaka kumi ilikuwa imemfundisha mkono wake usiende kinywani. Sikuwa nimepata kumwona baba yangu akionja.

"Ni nyama ya hitima ya mume wangu, Hamadi," nyanya akasema, sasa kwa upole. "Onja, mwanangu."

Akamega ncha ya mmoja kwa vidole vitatu. Akatia kinywani, akafumba macho. Tukangoja, mama mlangoni, mimi nimeshika leso yake, nyanya ameinua kidevu. Alitafuna muda mrefu kuliko linavyohitaji tonge dogo vile.

"Eeh?" nyanya akauliza. "Ukoje?"

"Wataka ndimu, mama," baba akasema.

Nyanya akanyoosha mkono kwenye ungo, akachagua ndimu iliyoiva, akampa.